Watoto wa Nyasuguta ni Wawili

Homa Bay
Jumapili, 6 Oktoba 1963

Kwa kaka yangu Osman Suleman, Bucha ya Suna,

Assalaam alaikum, abowe, kaka yangu. Hapa tunapumua, na mwenye kupumua asianze kwa kulalamika. Mama anakusalimu. Magoti yanamsumbua lakini bado ananitangulia kuamka na kuwasha jiko la hoteli, na nikimkataza ananiuliza kama nimepata mtu wa kusukuma chapati kama zake. Sijapata. Wanangu walipata surua wote wawili, mmoja Jumatatu na mwingine Alhamisi, wamepona. Mvua imenyesha siku tisa mfululizo na bati la jikoni linavuja pale pale ulipoliziba.

Unajua sipendi siasa. Mjane mwenye meza sita hana nafasi ya siasa. Lakini tangu haya majimbo yaanze mwezi wa sita, kila mteja anakuja na ramani mdomoni. Huyu kwao ni jimbo hili, yule arudi jimbo lile. Mwisho wananiangalia mimi, halafu wanaomba sukari.

Sasa sikiliza. Kuna karani hunywa chai hapa kila asubuhi, na hajawahi kulipa pungufu, kwa hiyo maneno yake nayapima kama ya mtu mwenye hesabu. Nilimuuliza itakuwaje kwetu bendera ikipandishwa. Akasema sheria inakuja hivi: aliyezaliwa Kenya, na mzazi wake mmoja, awe baba au awe mama, naye alizaliwa Kenya, basi siku hiyo ni raia. Haombi. Asiye na mzazi kama huyo atapewa miaka miwili ya kuomba, na kuomba ni kuomba, unaweza kunyimwa.

Baba alizaliwa Berbera, hilo halina ubishi. Lakini Mama alizaliwa maili kumi na nne kutoka hapo ulipoketi. Kabla ya kusilimu na kuitwa Tima alikuwa Nyasuguta binti Nyarangi, Mkisii, na kaka yake Makori bado yuko kwenye mlima ule ule analima ndizi. Mama hana cheti. Wakati wake nani alikuwa nacho. Kinachotakiwa ni kiapo cha mtu mzima wa nyumba yao kwamba alizaliwa pale na kwamba sisi ni watoto wake.

Nenda kwa mjomba Makori, abowe. Kwa baiskeli ni nusu siku. Najua hujawahi kukanyaga kwake, hata kwa mazishi ya babu Nyarangi, na sababu unaijua. Nenda hivyo hivyo.

Dada yako,
Habon

*

Suna
3 Novemba 1963

Kwa Habon, mdogo wangu anayeniamuru kama mama mkwe,

Waalaikum salaam. Mimi mzima, na kisu changu kizima. Nachinja kondoo sita kwa wiki na ng'ombe mmoja kila Ijumaa. Ngozi nazikausha mwenyewe. Mwambie Mama nimemtumia samli, ndoo ya nusu, kwa dereva wa lori la pamba. Ikifika robo, nijulishe niongee naye.

Majimbo yameshafika huku, wala hukuhitaji kunitumia kwa barua. Wiki jana kamati ya soko ilituita sote wenye ploti. Mwenyekiti ni Bichage, muuza mahindi, yule Msabato aliyeshuka hapa mwaka wa hamsini na nane na gunia moja na mwavuli. Mimi nilikuwa nimeshakaa hapa miaka sita. Leo yeye ni mtu wa Nyanza, na mimi ndiye ninayeulizwa jimbo langu. Akasimama akasema sasa kila watu wana kwao, hata Wasomali wamepewa jimbo la saba kule kaskazini, pana kuliko haya yote, kwa nini tubanane hapa. Watu wakacheka. Nikamwambia, Bwana Bichage, hilo jimbo la saba sijaliona hata usingizini. Kutoka hapa ni zaidi ya maili mia tano, na kwenu ni maili ishirini. Nani atangulie kurudi? Wakacheka zaidi. Yeye hakucheka.

Basi tukapewa fomu. Jina, kabila, jimbo la asili, uthibitisho. Nikaenda kufungua kasha la Baba. Unakumbuka zile risiti za kodi? Ziko ishirini na nne, kuanzia mwaka wa ishirini na saba, na hakuna hata moja iliyoliwa na mchwa. Mzee yule alipigana na serikali ya Mwingereza aandikwe pamoja na Wahindi, asiandikwe na wenyeji, akalipa karibu mara mbili ili asiitwe mtu wa kusukumwa. Nilizipanga mezani zote. Kisha nikawatajia mababu, Suleman kwenda juu, kumi na tisa, mpaka kalamu ya mwandishi wa kamati ikachoka. Akaandika "Msomali, wa kundi la Wahindi, si mwenyeji." Nikatia sahihi mbele yao. Waone mimi si mtu aliyeokotwa.

Na wewe unataka nipande mlima nikamwombe Makori aape kuwa mimi ni mtoto wa dada yake. Mwanamume haanzi kuhesabiwa kwa mama. Hata watoto wake Makori siwajui kwa sura na sijapungukiwa na kitu. Kuhusu yale mazishi, niliyosema mwaka wa hamsini na saba ningesema tena leo. Mimi ndiye mkubwa wa nyumba, na niliona haifai Mama kulala matanga ya watu wasioswali.

Wasalimie watoto.

Osman

*

Homa Bay
21 Novemba 1963

Abowe,

Salamu zetu, na samli imefika kamili, usigombane na dereva. Mama anaendelea na magoti yake.

Barua yako nimeisoma mara mbili. Ya pili niliisoma kwa sauti, Mama akiwa sokoni, nione kama maneno yatakuwa na akili zaidi yakisikika. Hayakuwa.

Umetia sahihi. Umeandika kwa mkono wako kwamba wewe ni mgeni, na umeambatisha risiti ishirini na nne kuwasaidia wanaotaka kukufukuza. Baba alilipa ili asisimame kwenye foleni ya Waafrika. Sawa, ndivyo serikali ile ilivyokuwa, foleni tatu na kila moja na dirisha lake. Inayokuja ni foleni moja, na wewe umejitoa kwa miguu yako ukijisifu.

Mwanamume haanzi kuhesabiwa kwa mama? Wewe ulizaliwa na nani, na kasha?

Na kwa kuwa umeyataja mazishi, nikwambie ambalo hukuliona kwa sababu ulikuwa umerudi Suna. Mama alikaa mlangoni siku tatu, buibui amelikunja mapajani, akingoja utume neno kwamba umebadili nia. Siku ya nne alilirudisha sandukuni, akaenda kukanda unga. Mjomba Makori naye hajatutumia hata lawama, miaka sita sasa.

Kachukue hiyo fomu. Uiandike upya: mama, Nyasuguta binti Nyarangi, wa hapa hapa. Mimi nina watoto wawili na meza sita, siwezi kuwa mgeni kwa sababu ya maringo yako. Nakupa mpaka mwaka mpya. Ukishindwa nitafunga hoteli nipande huo mlima mwenyewe.

Habon

*

Suna
19 Januari 1964

Dada yangu Habon,

Salamu kwako na kwa Mama na kwa watoto. Leo ni mfungo wa nne wa Ramadhani. Naandika kwa mkono wa kushoto, nivumilie.

Tangu Krismasi redio inasema kaskazini, kaskazini. Shifta wameua, shifta wamechoma. Mtu anakuja kununua nusu ratili ya maini, ananiangalia mikono kwanza. Walianza kuniita Shifta kwa utani. Wiki ya pili utani ukaisha, jina likabaki.

Jumanne, siku ya soko, saa sita mchana walikuja. Sitakwambia umati, hilo ni neno la mtu asiyehesabu. Walikuwa arobaini. Thelathini na mmoja nawajua kwa majina, wengine mpaka majina ya wake zao. Tisa sikuwajua. Jiwe la kwanza lilinipiga sikioni, la pili likavunja mizani. Dume la kondoo nililokuwa nimelifunga nje walilikata miguu ya mbele likiwa hai, wakaliacha linajikokota kwa kifua na watu wanalipisha njia. Mtu niliyemchinjia mbuzi kwenye harusi ya bintiye, sikumtoza hata senti, ndiye aliyenikaba shingo kwa nyuma. Mwingine akaja na panga. Nikakinga kwa mkono wa kulia. Vidole viwili vilianguka juu ya gogo la kukatia nyama, katikati ya vipande vya mbavu, na nilivitazama kwa kitambo kabla ya kujua ni vyangu.

Waliniangusha, wakanikanyaga, jino moja limetoka na mbavu zinalia nikipumua. Walibeba nyama yote. Ngozi mia moja na ishirini wakazimwagia mafuta ya taa, na ngozi ikiungua, Habon, inanuka kama mtu. Paa likashuka. Bichage hakurusha jiwe. Alisimama mlangoni kwake mikono nyuma, kama mtu anayetazama mvua.

Nilikuwa na kisu mkono wa kushoto. Nilijitetea. Watu waliumia, na mimi ni mmoja wao.

Askari walifika saa nane. Hawakumkamata hata mmoja wa wale thelathini na mmoja. Walinikamata mimi, eti kwa usalama wangu. Na fomu yangu wanayo. Ofisa mmoja alinisomea: si mwenyeji, sahihi yako hii? Nikasema ndiyo.

Usije. Usimlete Mama. Na kwa Makori usiende. Nilipokataa mwanzo nilikataa kwa kiburi, unajua. Sasa nakuomba tu, usiende.

Osman

*

Homa Bay
8 Machi 1964

Abowe Osman,

Tulisali Idi bila wewe. Watoto walikutajia dua, mdogo amekuombea vidole viote.

Barua yako ilichukua siku ishirini na mbili, na ilikuwa imefunguliwa ikagundishwa tena. Nilifunga hoteli siku ya pili baada ya Idi nikaja Suna na Mama. Hamkuturuhusu kuonana, nasema ninyi kwa sababu mlinzi aliniambia wewe mwenyewe ulikataa. Sikumwamini. Sasa naamini.

Bucha yako ni nguzo tatu na majivu. Gogo la nyama limebaki, halikuungua. Tulilala kwa Roseline, yule mshonaji Mjaluo wa ng'ambo ya barabara, Mkatoliki, hunishonea nguo za watoto na huniita nyaminwa, dada yetu. Mama alipolala Roseline alizima cherehani akaniambia aliyoyaona. Akasema damu ya siku ile haikuwa yako peke yako. Wale watu walikuwa wameshaanza kutawanyika, kila mmoja na alichobeba. Kijana mmoja alikuwa anavuka barabara na paja la kondoo begani. Ulitoka kwenye moshi ukamfuata. Ulimpata kwenye ngazi yake yeye Roseline, ukamchoma mgongoni mara mbili, na alipoanguka ukamgeuza ukamchoma mara ya tatu. Roseline alisugua ile ngazi kwa jivu siku mbili. Hajawaambia askari, kwa sababu wataanza kuuliza wale wengine ni kina nani, na kaka yake alikuwemo. Suna nzima imenyamaza kwa sababu hiyo. Nilimuuliza kijana ni nani. Akasema mgeni, mbeba magunia wa Bichage, alikuwa na wiki tatu tu pale mjini. Cephas fulani wa kule mlimani.

Jina halikuniambia kitu. Nalo hilo ni kosa letu.

Asubuhi tukapanda mlima, Mama akipumzika kila hatua mia. Bomani kwa Makori kulikuwa na kaburi, udongo bado mwekundu. Mkewe, Mong'ina, alikuwa amenyolewa nywele. Mama alisimama akauliza ni nani. Mong'ina akamwambia ni Cephas, mwanangu wa pili, ambaye hukupata kumwona. Hapo nikajua. Nilitaka kugeuka nirudi.

Mjomba Makori alitupa viti. Ameshajua kila kitu, Bichage ndiye aliyemletea maiti na habari. Lakini alinisikiliza mpaka mwisho. Nilieleza sheria, baba au mama, kiapo, kama mtu anayeuza kitu ambacho kimeshaoza na anajua kimeoza. Nilipomaliza akaligeukia kaburi.

"Mwanangu alikwenda kuiba," akasema. "Sikumlea hivyo na sitamtetea. Mwizi hufungwa." Halafu: "Kaka yako watamfanya nini?"

Nikamwambia wanaoandikwa si wenyeji wanatolewa nchini. Watampeleka Mombasa, kisha Somalia.

"Akifika?"

"Ataachiliwa."

Alilirudia neno lile, taratibu, mara mbili. Kisha akasema ataapa. Nilianza kulia. Ndipo nikasema jambo ambalo sijalimwambia mtu. Nilisema, "Mjomba, apa kwa ajili yangu tu. Osman muache."

"Watoto wa Nyasuguta ni wawili," akasema. "Unataka niape ni mmoja, na huyu amelala hapa ananisikia? Mkiwa wa hapa, mko wa hapa nyote. Naye akiwa wa hapa, atajibu hapa."

Aliapa mbele ya chifu wake, akatia kidole gumba. Karatasi moja, majina mawili. Iko kwangu, chini ya debe la unga. Sijaipeleka popote. Mama hakurudi nami. Alivua viatu, akaketi chini kando ya Mong'ina, na nilipomwita tuondoke akaniambia mimi nifuate njia ile ile tuliyojia.

Sikuulizi kuhusu wale arobaini. Nakuuliza hili moja. Alikuwa amekupa mgongo?

Habon

*

Suna
2 Aprili 1964

Habon,

Natumai hamjambo. Mimi hapa tunalala kumi na wanne kwenye chumba cha watu watano. Mkono umepona vibaya lakini umepona.

Ndiyo. Alikuwa amenipa mgongo.

Uliuliza moja, nitajibu zaidi. Wale waliobaki walikuwa wanakwenda zao. Ningeweza kuketi. Lakini nilisimama na mkono unachuruzika, na kila niliyemjua nilimwona anaondoka na kitu changu, na kila mmoja nikasema, huyu nitaonana naye kesho, huyu ni jirani, huyu ana watoto. Halafu akapita yule. Sikumjua. Nilisema moyoni, huyu si mtu wa hapa, huyu hana mtu. Ndiyo sababu nilimchagua. Nilichinja kwa miaka kumi na mmoja, najua kisu kinaingia wapi. Pigo la kwanza lilitosha. Mengine mawili yalikuwa ya wale thelathini na mmoja.

Alikuwa amekuja dukani siku chache kabla. Alisimama, hakununua, kama ana neno la kusema. Nikamwambia asiye na pesa asizibe mlango. Jina lake nililisikia kwa askari siku ya pili, na jina la baba yake. Tangu hapo nalala dakika kumi kumi.

Sasa hesabu. Lori linatoka hapa Ijumaa, tarehe kumi na saba. Litasimama Homa Bay kuongeza watu, kisha Kisumu, kisha treni. Hakuna aliyefungua kesi juu yangu. Kwa serikali mimi ni mgeni anayerudishwa, basi. Ukiipeleka karatasi ya Makori, nashushwa, nakuwa mwenyeji, na Makori atasema, na Roseline akiona Makori amesema atasema. Watanitia kitanzi. Wewe una mpaka Desemba mwaka kesho kuomba uraia kwa jina lako tu. Mjane, hoteli safi, huna ugomvi na mtu. Tuseme kupata kwako ni nusu kwa nusu. Kunyongwa kwangu ni moja kwa moja. Piga hesabu mwenyewe, wewe ni hodari kuliko mimi.

Ichome. Mwambie Mama sikujua.

Osman

*

Homa Bay
Jumamosi, 18 Aprili 1964

Kwa Osman Suleman, mahabusu,

Assalaam alaikum. Watoto wazima. Mama bado yuko mlimani. Nimekutumia shuka mbili, sabuni na maziwa ya unga, visipofika vyote niandikie upesi, jina la mlinzi ninalo. Karani amenipa jina la wakili wa Kisumu. Nimemwandikia kwamba walikuja arobaini, kwamba ulikatwa vidole kabla hujamgusa mtu, na kwamba thelathini na mmoja unawajua kwa majina. Wakili amejibu kwamba hayo yote yatasemwa mbele ya jaji, na huenda yakakuokoa shingo. Roseline amekubali kuapa, na amekubali kumtaja kaka yake. Sikumwomba hilo la pili. Amesema hawezi kukutaja wewe na kumficha yule.

Nilipiga hesabu kama ulivyoniambia. Niliandika kwenye karatasi ya kufungia sukari. Upande mmoja wewe, mzima, Berbera. Upande wa pili mimi, wanangu wawili, meza sita, na nusu kwa nusu yako. Nikaona hiyo ningeweza kuibeba. Ningeomba, ningengoja, wakininyima ningebeba masufuria yangu. Haikuwa hiyo iliyonishinda.

Kilichonishinda ni kwamba tangu Oktoba nakwambia wewe ni wa hapa. Siwezi kusema kaka yangu ni wa hapa siku ya kugawa ploti, halafu siku ya kuulizwa maiti niseme ni mgeni anapita tu. Wale watu walikukata wakijua kuwa hakuna atakayewauliza, maana wewe huna jimbo. Nawe ukamchoma Cephas kwa sababu ulidhani hana mtu. Nikiichoma karatasi ile nami nitakuwa nimesema hivyo hivyo.

Sikutaka mtu mwingine akufanyie hili. Jana nilifunga hoteli saa nne. Lori lilisimama karibu na gati saa tano, mlikuwa kumi na saba. Nilimpa ofisa karatasi mkononi. Akaisoma, akaniangalia, akaisoma tena, akachukua kalamu akakata jina la tisa. Akaita, Osman Suleman, shuka.

Uliruka na mzigo wako kwapani. Uliniona, ukatabasamu, abowe, ukanyoosha ule mkono wa vidole vitatu ukidhani nimekuletea chakula cha safari. Kando yangu alisimama mzee mwenye koti kuukuu, ameshika kofia. Ulimwamkia shikamoo kwa adabu sana, kama mtu unayemwona mara ya kwanza. Akaitikia marahaba.

Yule ndiye mjomba Makori.

Dada yako,
Habon